Kanga ya Kufunikia Marobota

Wanaume wengi nimewapita barabarani bila kuwaangalia mara mbili. Mimi ni mkimbiaji, ndiyo kazi yangu. Salum ndiye peke yake aliyenifanya nipunguze mwendo, na alinipata kwa sababu alikuwa na kamera na mimi nilikuwa sijui kukwepa kamera.

Mwaka mzima alinitazama kupitia kioo cha kamera hiyo. Alinitazama nikipanda mlima Kwaraa asubuhi na baridi, nikitapika kando ya barabara mwisho wa mazoezi, nikifua soksi, nikitoka kanisani na gauni langu la Jumapili. Alinitazama nikilia siku niliyoshindwa Arusha na nikicheka kama mwehu siku niliyoshinda Moshi. Alikuwa akitengeneza filamu ya maisha yangu. Sasa mtu akikutazama hivyo mwaka mzima, halafu siku moja akaishusha kamera na macho yake yakabaki palepale, unajua kazi imekwisha na kitu kingine kimeanza.

Mama yake alikuwa na neno lake juu ya hicho kitu kingine. Alikuwa mjane mwenye duka la vitenge na kanga karibu na soko kuu la Babati, na mjini kote alijulikana kwa jina la Mama Salum. "Binti wa Kikristo, wa kutoka Singe huko mashambani, anayekimbia barabarani mapaja nje," ndivyo alivyomwambia mwanawe, naye Salum kwa ujinga wake akaja kuniambia. Mama yangu naye hakubaki nyuma. Alisema watoto wa maduka wanapenda kukishika kila kitambaa na kukirudisha mezani. Kwa hiyo tukajifanya yamekwisha, tukaendelea kupendana kwa kujificha, tena katika mji ambao huwezi kununua hata karanga bila shangazi yako kupata habari.

Alasiri ile Mama Salum alikuwa amekwenda msibani. Salum akanipigia simu nikiwa bado na jasho la mazoezi.

"Njoo dukani. Filamu imekwisha. Imebaki kipande kimoja tu."

Alinipokea mlango wa nyuma. Akanifunika macho kwa viganja vyake.

"Nikifumba macho nitajikwaa," nikamwambia.

"Nimekushika."

"Ndiyo sababu nitajikwaa."

Alicheka karibu na sikio langu, na mimi, mwanamke ninayeweza kukimbia kutoka Babati mpaka Dareda bila kupumzika, pumzi ikanipungua. Akaniongoza hadi stoo. Alikuwa anafanyia kazi huko kwa sababu marobota ya vitambaa humeza kelele zote za nje, honi za bodaboda hata mahubiri ya sokoni. Akanikalisha juu ya robota lililofunikwa kanga kuukuu, nyekundu iliyopauka, yenye alama ya pasi iliyoungua pembeni. Naikumbuka ile alama kwa sababu kidole changu kiliingia kwenye tundu lake na kikabaki hapo kikichezacheza, maana nilikuwa na wasiwasi kuliko siku ya mashindano.

"Jovita," akasema, "ukilia usione aibu."

"Nitalia kwa sababu gani?"

"Utaona."

Akawasha kompyuta.

Mlima Kwaraa ukatokea na ukungu wake. Jina langu likaja taratibu, herufi kwa herufi, JOVITA, na mkono wa Salum ukaushika wangu. Nitasema ukweli, nilijisikia malkia. Kisha mlima ukaondoka. Pakaja moshi, mafiga matatu, sufuria jeusi, na mwanamke aliyeinama akikoroga kitu, mabegani amejitanda kanga iliyotoboka. Muziki wa huzuni ukaanza. Sauti nzito ya mwanamume ikasema, "Katika nyumba hii, mlo mmoja kwa siku ulikuwa bahati."

Nilimwonea huruma yule mwanamke. Hilo ndilo linaloniuma mpaka leo. Nilimwonea huruma kabla sijatambua kuwa ni mama yangu mzazi.

"Simamisha."

"Subiri, inakuja sehemu ya..."

"Salum, simamisha."

Akasimamisha. Mama akabaki pale kwenye kioo cha kompyuta, mwiko mkononi, uso chini.

Nilimtazama vizuri. Lile lilikuwa jiko la nje, tunalochemshia makande ya watu wengi kukiwa na kipaimara au msiba. Mama yangu anapikia ndani, kwenye jiko la gesi, sakafu ina marumaru niliyoweka mwenyewe baada ya kushinda Moshi. Na siku waliyomrekodi mimi nilikuwa kambini Arusha. Alinipigia asubuhi akiwa na furaha kama mtoto: wageni wa kamera wanakuja, amevaa kile kitenge chake cha zambarau alichonunulia Pasaka. Jioni nilipompigia kumuuliza ilikuwaje, alisema "nzuri tu," akaanza kunipa habari za maharage. Tangu siku hiyo hakuwahi kuniuliza habari za filamu. Mimi nikadhani ameisahau.

"Kitenge chake kilikwenda wapi?" nikauliza.

Salum alikohoa. "Kilikuwa kinang'aa sana. Hakikuendana na..."

"Hakikuendana na nini?"

"Na hadithi, Jovita."

"Na hiyo kanga ameitoa wapi? Mama hana kanga kama hiyo."

Macho yake yalishuka kidogo tu, yakaenda kwenye robota nililokalia, yakarudi haraka. Nikatazama chini. Nyekundu iliyopauka. Kidole changu kilikuwa bado kwenye lile tundu la pasi. Nikainua macho kwenye kioo, na begani kwa mama yangu palikuwa na tundu lilelile.

Nilisimama kama niliyekalia siafu.

"Ulichukua tambara la stoo ukamvisha mama yangu."

"Si mimi niliyetaka. Ni Allen." Allen alikuwa mtu wa Arusha, ndiye aliyeahidi kuifikisha filamu kwenye televisheni za nje. "Alitazama picha za mwanzo akasema hazina maumivu. Akasema watazamaji wanataka kujua umetoka wapi."

"Nimetoka Singe. Bajaji zinafika."

"Jovita, nisikilize. Nisipoanza na shida hakuna atakayetazama mpaka ushindi. Ndivyo filamu za michezo zinavyotengenezwa. Mtu anaanza chini, halafu..."

"Nani alikuwa chini? Tulikuwa na shamba, tulikuwa na mbuzi, na mama alikuwa na sauti mtaa mzima unaijua. Mama yangu anaimba kwaya, Salum. Anagombana na wauza mbegu. Wewe umemfanya bubu."

"Ni dakika moja tu ya filamu."

"Ni dakika ya kwanza. Na mwisho je? Hicho kipande kilichobaki ni kipi?"

Namjua huyu mwanamume. Akiwa na jambo la aibu anavuta sikio lake la kushoto, na sasa alikuwa akilivuta.

"Sema."

"Kesho alfajiri, kando ya ziwa. Unakimbia, jua linatoka nyuma yako." Akaliacha sikio. "Bila viatu."

Nilicheka. Si kwamba ilichekesha.

"Mimi nilianza kukimbia nina viatu miguuni, bwana mkubwa."

"Najua, lakini..."

"Hujui. Mwaka mzima umenifuata, umeniuliza baba alikufaje, umeniuliza njaa ya mwaka gani, umeniuliza tulikuwa tunakula nini. Hujawahi kuniuliza nilianzaje kukimbia. Hata mara moja."

Hilo lilimwingia. Niliona limemwingia, na moyo wangu, msaliti yule, ukataka kumkimbilia. Nikaukataza.

"Nakupenda," akasema polepole. "Nafanya yote haya ili dunia nzima ikupende."

"Dunia haijanijua, haina kosa. Wewe ndiye uliyenijua. Nilikuonyesha kila kitu, Salum, hata nikitapika. Na ulipopata nafasi ya kusimulia, ukasimulia mtu mwingine."

"Nikikitoa kipande cha jikoni, Allen anajitoa. Filamu itabaki humu stooni."

"Ibaki. Panya nao wanahitaji burudani."

"Ni kazi ya mwaka mzima, Jovita."

"Na yule ni mama wa maisha yangu yote. Toa hicho kipande, au nitoe mimi. Kwenye filamu na huku kwingine."

Alijua huku kwingine ni wapi. Tulisimama tukitazamana, umbali wa mkono mmoja tu kati yetu, na sikumbuki nimewahi kumpenda mtu na kutaka kumpiga kibao kwa wakati mmoja kama vile.

Mlango ukafunguka. Mama Salum alikuwa amerudi kutoka msibani, bado na baibui lake jeusi.

Sikuwa tayari kuinama siku hiyo. "Shikamoo mama," nikasema nimesimama wima.

"Marahaba," akajibu, na ile marahaba ilikuwa na mifupa. Alinitazama kuanzia kichwani mpaka kwenye raba zangu. Kisha macho yake yakapita begani kwangu, yakaenda kwenye kioo, na yakabaki huko. Akavaa miwani. Akasogea.

"Huyu si Mama Jovita?"

"Ndiye," nikajibu.

"Yule aliyekuja kabla ya Pasaka akachukua kitenge cha zambarau, akanibishia bei mpaka chai yangu ikapoa?"

"Ndiye huyohuyo."

"Amepatwa na nini?"

Salum akatazama chini. Nikamwacha ajibu mwenyewe. Mama yake akaendelea kukitazama kioo, kisha akageuka, akaivuta ile kanga kutoka juu ya robota. Akaikunjua. Akalitafuta lile tundu la pasi kwa vidole bila hata kuangalia, akalipata.

"Hii niliiunguza mimi," akasema. "Nilikuwa nimetoka hospitali na wewe, hulali mchana wala usiku, na mimi napiga pasi nimesimama huku nasinzia." Sauti yake haikupanda hata kidogo. "Hii ni mbeleko yako, Salum. Nilikubeba humu mpaka ukaanza kutembea."

"Nilidhani ni ya kufunikia marobota, mama."

"Ni ya kufunikia marobota. Mbeleko haitupwi. Niliiweka hapa nikiingia stoo niione." Akaikunja taratibu, pembe kwa pembe. "Mahali popote ninapopajua, kwetu na kwa hawa wenzetu, mama wa binti hupelekewa mbeleko siku ya posa. Mpya. Wazee wanatangulia, mikono miwili, kwa heshima. Wewe umempelekea mama wa watu kuukuu. Ukamwambia avue nguo yake nzuri, ukamtia moshi wa macho, ukamrekodi."

Marobota yalimeza hata pumzi zetu.

"Na mimi mtu mzima," akasema Mama Salum, "nilikuwa nashinda nikisema huyu binti hatakufaa wewe."

Akaikumbatia ile mbeleko kifuani.

Simu ya Salum ikaanza kuita mezani. Jina la Allen likatokea.

"Pokea," nikamwambia. "Weka sauti kubwa."

Akaweka.

"Kaka, mambo," sauti ya Allen ikajaa stoo, changamfu. "Kesho muwahi jua, lisiwapite. Halafu ile miguu, mpake vumbi kidogo. Nataka ionekane imepasuka. Watu wa nje wanapenda miguu."

Nikaisogelea simu.

"Habari za Arusha, Allen. Hapa inaongea hiyo miguu."

Akatoa kicheko kifupi cha mtu anayetafuta mlango. "Aa, dada Jovita. Usichukulie vibaya, hii ni sanaa. Wewe kimbia, sisi tunajua kusimulia."

"Kesho nitakimbia na viatu. Nilivinunua kwa jasho langu, vina haki ya kuonekana."

"Sasa dada, bila ile picha hakuna filamu. Salum, uko hapo? Zungumza na mtu wako."

Mtu wako. Hata Allen alikuwa anajua. Salum alimtazama mama yake, aliyekuwa ameishika mbeleko kifuani. Akanitazama mimi. Sikumsaidia. Sikutabasamu, sikukunja uso, nilimtazama tu kama alivyonitazama yeye mwaka mzima.

"Allen," akasema, "ile ya jikoni nimeifuta."

"Umeifuta lini? Si asubuhi nimeiona?"

Salum akanyoosha mkono kwenye kompyuta. Akabonyeza. Mama yangu aliyeinama akatoweka, pakabaki weusi.

"Sasa hivi," akasema.

"Basi tafuta mtu mwingine wa kukupeleka huko nje," Allen akasema, na uchangamfu wote ulikuwa umekwisha. Simu ikakatika.

Najua mlitaka nimrukie shingoni. Mimi pia nilitaka. Mikono yote ilikuwa inaniwasha. Lakini mama yangu hakuwapo mle stooni, na haikuwa haki yangu kumsamehe mtu kwa niaba yake.

"Bado," nikamwambia. "Aliyekosewa yuko Singe anapukuchua mahindi."

"Nitakwenda," Salum akasema. "Sasa hivi nakwenda."

"Tutakwenda," akasema Mama Salum. Alikuwa amekwisha kutoka kuelekea dukani. Tulimsikia akishusha vitu kwenye rafu, akikataa hiki, akikataa kile. Alirudi na doti mpya ya kanga, kijani na nyeupe, bado na ule ukakamavu wa kiwandani.

Salum akashtuka. "Mama, ukishuka Singe na doti mpya mkononi, watu watasema umepeleka posa."

"Watasema."

"Na wewe utawaambia nini?"

"Nitawaambia nimekwenda kumwombea radhi mwanangu. Wakitaka kuongeza yao, midomo ni yao." Akanigeukia mimi. "Na wewe usifurahi. Sijakukubali."

"Na mimi sijaomba, mama."

Alinitazama kwa muda mrefu juu ya miwani. Nilijua nimevuka mpaka, nikasubiri kombora. Badala yake pembe moja ya mdomo wake ikacheza.

"Tafuta bajaji," akamwambia mwanawe.

Tulibanana nyuma watatu, yeye katikati kama ukuta, Salum na kamera yake mapajani. Mara moja tu, bajaji iliporuka tuta, mkono wa Salum ulipita nyuma ya mgongo wa mama yake ukaligusa bega langu. Sikuusukuma, ila sikuushika. Ulirudi wenyewe.

Mama yangu alikuwa barazani na ungo wake, kanga ya kazi kiunoni, majirani wawili wakimsaidia. Waliposhuka wageni, majirani wakaacha kupukuchua. Macho yao yakaenda moja kwa moja kwenye ile doti ya kijani. Wakapata ghafla kazi ya kwenda kufanya, lakini hawakwenda mbali, walisimama kwenye michongoma wakijifanya wanatafuta kuku.

"Shikamoo mama," Salum akasema. Alichuchumaa mbele yake mpaka goti likagusa chini.

"Marahaba."

"Nimekuja kuomba radhi."

"Ya nini?"

Huyo ndiye Rogathe, mama yangu. Alijua ni ya nini. Alitaka aisikie.

"Nilikubadilisha nguo yako, mama. Nilikupeleka kwenye jiko usilopikia. Nilikuambia uinamishe uso. Nilifanya watu wakuonee huruma, na wewe si mtu wa kuonewa huruma."

Mama aliendelea kupukuchua gunzi lake mpaka likawa tupu. Akaliweka chini.

"Mimi si mjinga, mwanangu," akasema. "Ulipotoa ile kanga nilijua unachotaka. Nilikuwa na maneno ya kukuambia, mengi, ungekimbia na hiyo kamera yako. Nikanyamaza. Unajua kwa nini?"

"Hapana, mama."

"Kwa sababu huyu," akaninyooshea kidevu, "akitaja jina lako kwenye simu sauti yake inakuwa nyingine. Nikafikiri, nikikataa, nitamharibia. Basi nikainama."

Nililia palepale, nimesimama, mbele ya mama wa watu na mbele ya majirani. Miezi yote ile nilidhani tunaficha vizuri, na mama yangu alikuwa ameinamisha uso wake wenye kiburi kwenye moshi ili mimi nipendwe kwa raha. Salum naye alikuwa anajifuta macho kwa mkono wa shati. Hakuna aliyemfariji, na hakuomba.

Mama Salum alimwacha kidogo mwanawe aendelee kuchuchumaa. Kisha akasogea, akainyoosha ile doti kwa mikono miwili.

"Mama Jovita, mimi ndiye niliyemlea huyu, kwa hiyo na mimi nina sehemu yangu. Pokea."

Mama aliipapasa kanga kati ya vidole, kama alivyofanya dukani siku ile ya kitenge. Aliichunguza pindo. Kwenye michongoma hakuna aliyetafuta kuku tena.

"Doti napokea," akasema. "Binti sijatoa."

"Na mimi sijaposa. Nimeleta nguo."

"Basi tumeelewana."

"Tumeelewana."

Wakatazamana, wanawake wawili ambao hawakuwahi kuambiana jema, na niliona wote wawili wakizuia kicheko.

Mama akanyanyuka, akakung'uta makapi, akaingia ndani. Tulibaki barazani tusijue kama mazungumzo yamekwisha. Aliporudi alikuwa na kitenge cha zambarau, kilemba chake kimefungwa juu, hereni za harusi ya mdogo wake zikining'inia. Akatupeleka jikoni kwake, akavuta stuli, akaketi kati ya jiko la gesi na dirisha, kidevu juu.

"Washa," akamwambia Salum.

"Mama, yule mtu wa Arusha amejitoa. Sijui kama hii filamu itaonekana mahali popote."

"Nimekuuliza itaonekana wapi? Nimesema washa."

Salum akawasha. Mwaka mzima alinifundisha sheria moja ya kazi yake: aliye nyuma ya kamera hasikiki, na maswali yake mwenyewe huyakata baadaye. Sote tukanyamaza. Salum akauliza.

"Mama, Jovita alianzaje kukimbia?"

"Eeh," mama akasema, akajiweka sawa kwenye stuli. "Hilo sasa ndilo swali." Akatazama kamera moja kwa moja. "Alikuwa darasa la saba ameshamaliza. Nikamwambia ataenda Dareda kujifunza kushona. Akasema hataki. Nikasema ataenda. Akavaa viatu vyake vya shule akatoka mbio. Mimi nikachukua baiskeli ya marehemu baba yake nikamfuata, na fimbo nimeishika hapa kwenye usukani. Nakanyaga, yuko mbele. Nakanyaga, yuko mbele. Mpaka tukapita mashamba yote ya watu, watu wanashangilia, sijui wanamshangilia nani. Miguu ikaniisha. Nikashuka. Nikakaa kando ya barabara, nikacheka peke yangu mpaka mpita njia mmoja akaniuliza kama nimefiwa."

Sikuwahi kuisikia sehemu hiyo. Miaka yote nilijua nilimshinda mbio na kwamba alirudi nyumbani amekasirika. Sikujua alikaa chini akacheka.

"Siku ya mnada nikaenda nikamnunulia raba. Nyeupe. Nilikadiria kwa macho. Akavaa, akasema zimemkaa."

"Zilinibana," nikasema.

Sheria nilikuwa nimeivunja. Salum hakuzima.

"Mbona hukusema?"

"Ungezirudisha."

Mama alicheka, kile kicheko chake kamili ambacho filamu yote haikuwa nacho, na nyuma yangu Mama Salum naye akashindwa kujizuia. Kisha mama akatulia. Aliacha kuitazama kamera, akainua macho kidogo, akamtazama aliye nyuma yake.

"Na wewe kijana. Mimi nilikuwa na baiskeli na sikumpata. Wewe una nini?"

Salum aliitoa kamera usoni. Macho yake yalikuwa mekundu, hakuyaficha.

"Sina kitu, mama. Nitakimbia."

Mama yake akanigeukia. Mama yangu naye akanitazama, na nikaelewa kwamba jibu lilikuwa langu na si la mtu mwingine yeyote mle ndani.

"Kesho saa kumi na mbili asubuhi natoka kwenda mazoezini, barabara ya ziwani," nikamwambia Salum. "Sitakusubiri njiani. Na uje na viatu."